Mbuta Hakuja Kutuokoa: Majibu kwa Yanayosemwa Kuhusu Samaki wa Ziwa

Bei ya samaki ikipanda Kisumu, maneno nayo hupanda. Utayasikia kwenye matatu, redioni, katika hotuba za wanasiasa na hata katika ripoti za wataalamu waliokaa ufuoni wiki moja. Mengine yamerudiwa hadi yakawa historia. Nimechagua yale mazito niyajibu moja baada ya jingine, kwa sababu karibu kila moja lina mtu linayemtua lawama na mwingine linayembebesha.

Kongwe kuliko yote ni hili: samaki walimalizwa na wavuvi wenyewe, kwa tamaa na ujinga.

Kabla ya reli kufika ufuoni mwa Ziwa Victoria Desemba 1901, uvuvi wa upande huu ulikuwa na wenyewe na ulikuwa na majira yake. Mvua za masika ziliponyesha na samaki waitwao ningu wakapanda mito kwenda kutaga, watu wa Nyando, Sondu na Nzoia walijenga kek, uzio wa fito uliokatisha mto, na kutega vikapu kwenye mianya yake. Mahali pa kuweka uzio palijulikana ni pa ukoo gani, na haki hiyo ilirithiwa. Huko ziwani watu walikokota mapazia marefu ya mafunjo kwa mikono kuelekea nchi kavu. Zana hizo zilichukua samaki wengi, lakini zilifika karibu na ufuo tu, na msimu ukiisha zilipumzika.

Nyavu za kutega za kitani ziliingia karibu mwaka 1905, zikiletwa na Wazungu, na reli ilikuwa tayari inangoja kubeba samaki kwenda Nairobi. Baada ya miaka ishirini na kidogo, samaki wanaonaswa kwa kila wavu walikuwa wamepungua kiasi kwamba serikali ya kikoloni ilimleta Michael Graham, mwaka 1927, afanye utafiti. Alipendekeza matundu ya wavu yasipungue inchi 5. Sheria ikawekwa, ikakiukwa, ikalegezwa. Zikaja pia nyavu za nailoni, nyepesi na zisizooza, na midomo ya mito ikazibwa nazo. Ningu aliyekuwa akipanda mto kila masika akawa hadithi ya wazee. Mjukuu wa aliyejenga kek hakualikwa katika vikao vilivyoamua haya, ila ndiye anayeambiwa leo kwamba babu zake hawakujua kutunza.

Wala si sisi peke yetu tuliofanyiwa hivi. Kaskazini mwa Kanada, Wainuiti huwinda nyangumi mweupe aitwaye beluga. Ngozi yake pamoja na mafuta yaliyo chini yake huliwa hata mbichi, humpa mtu vitamini C katika nchi isiyoota mchungwa, na mnyama mmoja hugawanywa nyumba kwa nyumba hadi kwa mzee asiyeweza tena kutoka. Katika karne ya 19, Kampuni ya Hudson's Bay iliwawinda beluga hao kibiashara katika Ghuba ya Ungava na mashariki mwa Ghuba ya Hudson mpaka wakapungua mno. Karne ya 20 ilipokuwa ikielekea ukingoni, vikomo vya kuwinda waliwekewa Wainuiti. Aliyewamaliza alishaondoka na mapipa yake ya mafuta. Aliyebaki ndiye anayehesabiwa mnyama mmoja mmoja.

Nakubali kwamba leo wapo vijana wetu wanaovuta kokoro, ule wavu wa kukokotwa hadi ufuoni, na kutumia nyavu za plastiki zenye matundu ya kunasa hata vifaranga. Wakamatwe. Lakini nyavu hizo haziokotwi majini. Zinaagizwa kutoka nje, zinapita forodhani, na zinauzwa madukani mchana kweupe. Linapochomwa rundo la nyavu ufuoni mbele ya kamera, nimekuwa nikisubiri nione muuzaji mmoja amesimama kando ya rundo hilo.

La pili husemwa kwa sauti ya shukrani: mbuta aliletwa akatuokoa.

Mbuta, yaani sangara, alitiwa ziwani na maofisa wa kikoloni kuanzia miaka ya 1950. Hoja yao ilikuwa kwamba fulu, visamaki vidogo vyenye miba vilivyojaa ziwani, havina thamani, basi aletwe samaki mkubwa avile na kugeuka nyama ya kuuza. Kulikuwa pia na hamu ya Wazungu kuvua kwa mchezo. Si kwamba hawakuonywa. Geoffrey Fryer, mtafiti aliyefanya kazi katika kituo cha utafiti wa uvuvi cha Jinja, Uganda, aliandika mwaka 1960 akipinga mpango huo. Kufikia miaka ya 1980 mbuta alikuwa amelijaza ziwa, na fulu, waliokuwa wa aina mamia, walikuwa wakitoweka aina kwa aina.

Fulu huyo asiye na thamani alikuwa kitoweo cha kila siku. Alianikwa juani, akahifadhiwa, akapikwa na kuliwa na ugali wa mtama katika nyumba ambayo haikuwa na pesa ya kwenda sokoni. Hakuhitaji barafu wala kuni nyingi. Mbuta ana mafuta mengi, hakauki vizuri juani, lazima akaangwe au akaushwe kwa moshi, na moshi maana yake ni miti. Mwanamke aliyekuwa akianika fulu uani kwake alijikuta akitafuta kuni na mtaji kwa wakati mmoja.

Pesa zilikuja, hilo silikatai. Viwanda vya minofu vilijengwa Kisumu na kwingineko, ajira zikapatikana, lori za barafu zikafika fuo ambazo hazikuwa na barabara ya maana. Lakini tazama kilichobaki hapa. Minofu ilipanda ndege kwenda Ulaya na Israeli, nasi tukabaki na mgongo wazi: kichwa, uti wa mgongo na mkia, na nyama kidogo iliyojificha katikati ya mifupa. Nenda mtaa wa Obunga, Kisumu, ukaone jinsi unavyokaangwa kwenye karai kubwa za mafuta yanayochemka, moshi ukiwapiga akina mama usoni, wateja wakichagua kichwa kwa kukigeuzageuza. Ni kitamu, tena sana, na kinauzwa kwa bei ambayo mtu wa kibarua anaimudu. Ila tusiite hicho wokovu. Soko lenyewe lilikuwa la watu wengine. Ulaya ilipofunga mlango kwa vipindi kati ya 1997 na 2000 kwa sababu ya salmonella, hofu ya kipindupindu na tuhuma za sumu, viwanda vilikwama na mvuvi akalala na samaki wake. Siku hizi hata mabondo ya mbuta, vile vibofu vyake vya hewa, yana mnunuzi wake Uchina, anayelipa vizuri kuliko anayenunua nyama.

Wengine husema omena, dagaa wa ziwa hili, ni chakula cha maskini na kuku. Mwenye kusema hivyo hajaonjeshwa omena aliyeoshwa kwa maji ya moto mpaka mchanga ukaisha, akakaangwa mpaka akalia kwenye sufuria, kisha akaungwa kwa nyanya, kitunguu na maziwa kidogo. Samaki huyu huliwa mzima, na ndiyo sababu mtoto anayemla anapata madini ya mifupa yake pamoja na chuma, vitu ambavyo mnofu mweupe hauna kwa kiwango hicho. Kuhusu kuku, ni kweli kwamba sehemu kubwa ya omena huishia kwenye viwanda vya chakula cha mifugo. Lakini hilo ni jambo la bei. Kiwanda kikinunua kwa magunia, mama anayepima kwa gorogoro sokoni Jubilee hawezi kushindana nacho. Kila mwaka uvuvi wa omena hufungwa kuanzia Aprili hadi mwisho wa Julai ili azaliane. Ni uamuzi mzuri. Ungekuwa mzuri zaidi kama katika miezi minane iliyobaki kungekuwa na mpaka kati ya kinachokwenda kwa kuku na kinachokwenda kwa watoto.

Kuna jingine linaloniudhi, kwamba jaboya ni mila ya Wajaluo. Jaboya ni mpango ambao mvuvi humuuzia mwanamke samaki kwa sharti la kulala naye. Mila ya zamani ilimkataza mwanamke hata kukanyaga mtumbwi. Unaweza kuilaumu kwa hilo, na mimi nailaumu. Lakini jaboya ilistawi pale samaki walipokuwa haba, wachuuzi wakawa wengi, na wavuvi wakawa wageni wanaohama ufuo hadi ufuo wakifuata samaki. Ni zao la soko lililoharibika, nalo limezika watu wengi kwa UKIMWI. Wanawake wa ufuo wa Nduru, upande wa Nyando, walilijibu vizuri kuliko mhubiri yeyote: mwanzoni mwa miaka ya 2010 walipata mashua zao wenyewe, wakaajiri wanaume wawavulie. Mafuriko ya 2020 yaliwarudisha nyuma sana. Mila haikuwazuia kumiliki mashua. Kilichowazuia muda wote ni mtaji.

Na wanaosema samaki wa China ndiye aliyetuharibia soko? Nakubaliana nao nusu. Mwaka 2018 Rais Uhuru Kenyatta mwenyewe alisema uingizaji wake uzuiwe, na wachuuzi wa Kisumu walishangilia. Lakini samaki huyo aliyegandishwa alijaza pengo ambalo tayari lilikuwepo. Vizimba vya kufugia ngege, yaani tilapia, ziwani vimesaidia kuliziba, na navipenda, ila si mbadala wa ziwa. Mwishoni mwa 2022 samaki wa vizimba walikufa kwa wingi, na watafiti wakataja maji kukosa oksijeni. Maji hayo ndiyo yanayopokea maji taka ya mji na mbolea ya mashamba ya juu, ndiyo yanayolisha magugu maji yaliyofunga bandari ya Kisumu mwishoni mwa miaka ya 1990. Huwezi kufuga samaki ndani ya uchafu ukategemea wavu wa kizimba uuzuie.

Nimeacha la mwisho makusudi: kwamba hakuna kilichopotea, maana ngege wamejaa hotelini. Huyo anayeletwa mezani kwenye ufuo wa Dunga, Kisumu, akiwa mzima, amekaangwa, na ugali na sukuma wiki pembeni, ni Oreochromis niloticus, aliyetiwa ziwani miaka ile ile ya 1950. Ngege wa mababu, ambaye Graham alimwandika mwaka 1928 kwa jina la esculentus, ametoweka karibu kabisa katika ziwa kuu. Yupo bado Kanyaboli, Siaya, ziwa dogo lililotengwa na kubwa kwa mafunjo ya kinamasi cha Yala, mahali ambapo mbuta hakufika. Na aina kadhaa za fulu zimejisitiri humo humo.

Ziwa hilo limetangazwa hifadhi, lakini kinamasi kinacholilinda kimekuwa kikigombewa na mashamba makubwa tangu Dominion Farms kutoka Marekani ilipoingia mwaka 2003, na ilipoondoka wengine walijitokeza. Kila ekari ya mafunjo inayokaushwa inaleta mbolea na dawa karibu zaidi na Kanyaboli. Kaunti ya Siaya na Tume ya Kitaifa ya Ardhi ziupime upya mpaka wa kinamasi hicho, ziwaulize kwanza wavuvi na wafumaji mikeka wanaoishi kwacho, na zikatae kukodisha mafunjo yanayozunguka ziwa hilo kwa mtu yeyote, hata akija na ahadi ya ajira elfu.