Moshi ya Kwanza

Ninyi ndugu mkaao Soweto, tazameni juu mlimani: huko katika migomba ya Kidia ndiko iliko Moshi ya kwanza, iitwayo leo Old Moshi. Nchi ile ni migongo iliyokatwa na makorongo, na maji huletwa vihambani kwa mifongo, yaani mifereji waliyoichimba wazee.

Huko alitawala Mangi Rindi hata alipokufa mwaka 1891, akamrithi mwanawe Meli. Mwaka 1892 Meli aliwashinda askari wa Wadachi; mwaka uliofuata wakamshinda yeye, na tarehe 2 Machi 1900 wakamnyonga huko huko, pamoja na wakuu wengine. Kichwa chake husemwa kilipelekwa Ulaya, na jamaa zake wamekitafuta miaka mingi.

Basi, jina lilishukaje? Ni kwa reli. Ile itokayo Tanga ilifika uwandani mwaka 1911, nayo haikuweza kupanda mlima; maduka yakaifuata, mji ukakua penye stesheni. Soweto nayo ni mtoto wa uwanda huo.

Mwalimu afundishaye jiografia aweza kupanda na watoto asubuhi, akawaonyesha mfongo, kisha mahali pale aliponyongwa Meli, nao wakarudi kabla ya jua kuchwa.