Evelyn Cusack na akiba ya imani ya umma

WAHENGA walisema dalili ya mvua ni mawingu. Swali ni nani aaminiwe anapoyasoma mawingu hayo. Jibu la Ireland linaonekana katika kazi ya Evelyn Cusack.

Bi. Cusack, aliyeanza kuonekana katika televisheni ya taifa ya nchi hiyo, RTÉ, miaka ya 1980, alikuwa mtaalamu wa Met Éireann, idara ya serikali ya hali ya hewa. Alichokitangaza jioni kilitokana na fani aliyoisomea. Baadaye alikuwa mkuu wa kitengo cha utabiri, hadi alipostaafu mwaka 2023.

Faida ya utaratibu huo ilidhihirika Oktoba 2017, mabaki ya kimbunga Ophelia yalipoikumba Ireland. Tahadhari nyekundu, iliyo ya juu kabisa, ilitolewa kwa nchi nzima, na yeye akawa miongoni mwa wataalamu walioueleza umma hatari hiyo. Shule zilifungwa, wananchi wakatakiwa kubaki majumbani. Watu watatu walipoteza maisha, lakini mitaa ya miji ilikuwa mitupu.

Hapakuwa na askari katika kila mlango. Wananchi waliisikia tahadhari kutoka kwa watu waliowazoea kwa miaka mingi ya manyunyu ya kawaida. Imani ya namna hiyo huwekwa kidogo kidogo wakati wa shwari. Kituo kinachomficha mtaalamu na kutanguliza sura ya kupendeza kitajikuta hakina akiba siku ya dhoruba.