Macho mekundu ya bibi

Mzazi mwenzangu wa Bariadi, mwanao akikuambia bibi wa jirani ni mchawi kwa kuwa ana macho mekundu, utamjibu nini? Macho hayo ni ya moshi wa kuni, lakini huku kwetu Usukumani vikongwe wameuawa kwa ajili yake.

Wakenya wana filamu, The Letter (2019), ya Maia Lekow na mumewe Christopher King. Inahusu bibi wa Kilifi, umri umepita miaka 90, anayeitwa mchawi na baadhi ya ndugu. Ukichimba, ugomvi ni ardhi. Watengenezaji hawahubiri. Walimfuata kwa miaka, shambani na nyumbani, hadi mtazamaji anamzoea.

Jumamosi mpeleke mwanao kwa yule bibi, wapepete choroko pamoja.