Jezi si nguo tu, ni kumbukumbu ya klabu

Msimu mpya ukikaribia, mashabiki wa soka hubishana: jezi ipi kali, ipi imepoa. Ubishi ukiisha, ya msimu uliopita inageuka nguo ya kushindia nyumbani, na aliyeibuni hata hatajwi. Hapo soka letu lina la kujifunza kwenye tenisi.

Zamani wanaume walicheza tenisi na mashati ya mikono mirefu, utadhani wanakwenda ofisini. Mfaransa René Lacoste akaona yanamsumbua. Mwaka 1926 aliingia uwanjani Marekani na fulana nyepesi ya kola, mikono mifupi. Magazeti yalikuwa yameshambandika jina la mamba, na rafiki yake Robert George akamchorea mnyama huyo. Mwaka 1933, Lacoste na André Gillier wakaanza kuuza fulana zenye mamba kifuani. Ndiyo mama wa ‘fomu siksi’ zinazovaliwa mitaani leo.

Muingereza Fred Perry, bingwa wa Wimbledon 1934, 1935 na 1936, naye akatoa fulana yake mwaka 1952, ikiwa na alama ya taji la majani. Ilitoka kwenye tenisi ikaingia hadi majukwaa ya soka Uingereza.

Hata mpira wa tenisi una hadithi. Rangi ya njano iliruhusiwa 1972 ili uonekane vizuri kwenye televisheni za rangi. Wimbledon waling'ang'ania mweupe hadi 1986.

Mambo haya yanajulikana kwa sababu yalitunzwa. Wimbledon, mashindano yaliyoanza 1877, yalipotimiza miaka 100 yakafunguliwa makumbusho yake. Nguo na raketi za kale zimo humo.

Sasa turudi kwetu. Yanga ilianzishwa 1935, Simba 1936. Ni rika moja na mamba wa Lacoste. Kijani na njano, nyekundu na nyeupe: mtoto wa chekechea anazijua. Lakini ni klabu ngapi nchini zinaweza kuweka mezani jezi ya kila muongo na kumtaja aliyeibuni?

Kazi hii haihitaji mabilioni. Kila klabu itenge jezi moja ya kila msimu, iandike jina la mbunifu, na iwafuate wachezaji wa zamani wangali hai, kabla masanduku yao hayajaliwa na mchwa. Jezi mpya itauzwa tena mwakani. Ya miaka ya 1970 ikishaoza, hakuna duka litakaloirudisha.