Kufungua Si Kuiba. Tazama Unachoweka Ndani

Wapo wanaosema kwamba mtu akiifungua mashine ya michezo aliyoinunua na kuiongezea michezo mingine, ameiba. Wapo pia wanaosema kwamba akishalipa bei ya mashine, chochote atakachoiwekea ni halali yake. Sisi tunaona pande zote mbili zimekosea, tena kwa sababu moja: zimechukua matendo yaliyo tofauti, zikayapa jina moja na hukumu moja.

Tuanze na mashine yenyewe. Novemba 2016 kampuni ya Nintendo ya Japani ilitoa konsoli ndogo inayoenea kiganjani, mfano wa ile NES iliyotamba katika miaka ya 1980. Haina mahali pa kuchomeka kaseti. Michezo 30 imo ndani tayari, na bei yake Marekani ilikuwa dola 59.99. Iligombaniwa madukani. Kufikia Aprili 2017, kampuni ilipotangaza kuacha kuiuza Amerika Kaskazini, zilikuwa zimeuzwa zaidi ya milioni 2, na mwaka 2018 ikalazimika kuirudisha sokoni. Kabla ya hapo, Septemba 2017, ilifuata Super NES ndogo yenye michezo 21, na Desemba 2018 Sony ikatoa PlayStation Classic yenye michezo 20.

Hapa kwetu mashine hizi ni adimu. Hata hivyo jumuiya yetu inayo moja, ile ya michezo 30, zawadi ya mfadhili kwa chumba cha mapumziko. Ndugu yetu mmoja mwenye ujuzi wa kompyuta amejitolea kuiongezea michezo 700. Mjadala ulianzia mezani, ukaendelea baada ya kipindi cha maadili, na hatukukubaliana. Makala hii inatoa maoni ya baadhi yetu, wanafunzi wa falsafa, tuliobaki katikati na kusemwa na pande zote mbili.

Kwanza ieleweke jinsi kazi yenyewe inavyofanyika, maana likiitwa "udukuzi" jambo hili linasikika kama kuvunja benki. Ndani ya kile kikasha mna chipu ya kawaida, mfumo wa Linux, hifadhi ya megabaiti 512, na programu inayoiga mashine ya zamani. Mapema mwaka 2017, konsoli ikiwa haijafikisha hata miezi mitatu sokoni, wapenzi wa michezo walitengeneza programu iitwayo hakchi. Mtu huunganisha konsoli na kompyuta kwa waya wa USB, hushikilia kitufe cha kuanzisha upya huku akiiwasha, kisha kompyuta husoma kiini cha mfumo, huhifadhi nakala yake ya asili, na kuandika kingine kinachopokea mafaili mapya. Hakuna skrubu inayoguswa. Nafasi nayo si tatizo: Super Mario Bros. ya mwaka 1985 ina kilobaiti 40 tu, kidogo kuliko picha moja ya simu. Kwa ile ya Sony, iligundulika kwamba flashi iliyoandaliwa vizuri na kuchomekwa kwenye tundu la padi inatosha.

Sasa tuyapime matendo moja baada ya jingine. La kwanza ni kufungua.

Mtakatifu Thoma wa Akwino, katika sehemu ya Summa inayohusu wizi, anakubali kwamba ni halali kwa mwanadamu kumiliki vitu kwa maana ya kujipatia na kuvisimamia kama vyake. Aliyelipa bei kamili ya kikasha amekipata kihalali, naye ndiye msimamizi wake. Hakuna anayemwita mwizi fundi anayefungua redio ili abadilishe spika, wala mama anayekata gauni alilonunua ili alipunguze. Kampuni inaweza kusema kwamba haitamtengenezea chombo hicho kikiharibika, na hiyo ni haki yake. Lakini kusema kwamba chombo bado ni chake baada ya kukiuza ni kuuza kitu na kubaki nacho.

Kuna jambo jingine ambalo wakali wa upande wa kwanza hulisahau. Kampuni hizi zenyewe zimesimama juu ya kazi ya watu wengine. Linux iliyomo ndani ya konsoli ya Nintendo ni matunda ya maelfu ya watu walioyagawa ili yeyote ayasome na kuyarekebisha. PlayStation Classic inaendesha michezo yake kwa PCSX ReARMed, programu huria iliyotungwa na watu wa nje ya Sony. Aliyechota katika kisima cha wote hawezi kulalamika wenzake wakichungulia ndoo yake.

Hata watengenezaji walijua kwamba wageni watafika. Waliochungulia ndani ya mfumo wa konsoli ndogo za Nintendo walikuta ujumbe uliofichwa, mwandishi wake akijiita nahodha wa hanafuda. Hanafuda ni karata za Kijapani, ndiyo biashara ambayo Nintendo ilianza nayo mwaka 1889. Ujumbe ule unataja jasho na machozi yaliyotumika katika kazi ile, kisha unamwomba anayeingia aache mahali pakiwa safi na asivunje kila kitu. Nahodha yule hakumwita mgeni mwizi. Alimwomba adabu. Sisi tunaona hukumu yake ina hekima kuliko ya wengi waliochangia mjadala wetu.

Tunajua kwamba sheria hutofautiana. Nchini Marekani, kwa mfano, sheria ya mwaka 1998 inakataza kuvunja kufuli za kidijitali zinazolinda kazi zenye hakimiliki, na ruhusa zake ni chache. Raia mwema huangalia sheria ya nchi yake kabla ya kugusa kitu. Lakini swali letu linatangulia hilo: je, tendo la kufungua chombo chako mwenyewe lina uovu wa wizi ndani yake? Tunajibu kwamba halina.

Tendo la pili ni kuweka michezo, na hapa tunaachana na ndugu zetu wa upande wa pili. Hoja yao kubwa ni kwamba faili likinakiliwa hakuna anayepungukiwa. Ukichukua kitabu cha mwenzako, yeye hana tena. Ukinakili mchezo, mwenyewe bado anao. Hoja inavutia, lakini inadhani kwamba dhuluma ni kupokonya kitu mkononi tu. Mfikirie kibarua aliyelima shamba siku nzima, jioni akanyimwa ujira. Hakunyang'anywa jembe, anarudi nalo nyumbani. Mikono yake iko vilevile kama ilivyokuwa asubuhi. Je, kwa sababu hakupungukiwa kitu, hakudhulumiwa? Biblia na mababu zetu wanajibu pamoja kwamba amedhulumiwa. Mchezo nao ni shamba lililolimwa na mchoraji, mtunzi wa muziki na mwandishi wa programu, na nakala anayoichukua mtu ni sehemu ya mavuno ya shamba hilo.

Tumejibiwa kwamba vibarua hao walishalipwa zaidi ya miaka 30 iliyopita, na kwamba fedha ya leo inakwenda kwa kampuni tajiri. Ni kweli kampuni ni tajiri. Lakini utajiri wa mtu haumfanyi awe halali kuibiwa, na kampuni iliwalipa vibarua wake kabla ya kujua kama mavuno yatapatikana. Aliyebeba hasara inayoweza kutokea ana haki katika faida iliyotokea. Na michezo mingi maarufu katika ule mfuko wa 700 bado inapatikana leo kwa malipo halali. Hapo hakuna cha kujificha nyuma yake.

Wenye mali nao hawalali. Julai 2018 Nintendo ilizishtaki tovuti mbili katika mahakama ya Arizona kwa kugawa nakala za michezo yake, na kabla ya mwaka kwisha wenye tovuti walikubali hukumu ya zaidi ya dola milioni 12. Hatuitaji kesi hiyo ili kutisha mtu, maana anayeacha uovu kwa hofu ya faini bado hajaacha uovu. Tunaitaja ili tusidanganyane kwamba hakuna mwenye mali anayejali.

Lipo tendo la tatu, nalo ndilo gumu kweli. Vipi kuhusu michezo ambayo haiuzwi tena mahali popote? Mwaka 2023 taasisi ya Marekani inayohifadhi historia ya michezo hii, Video Game History Foundation, ilionyesha kwamba asilimia 87 ya michezo ya zamani iliyotoka nchini humo kabla ya 2010 haipatikani tena sokoni. Mingine haijulikani hata mwenyewe ni nani. Kaseti zinaoza, makampuni yanafilisika, na kazi za watu zinazama kimya.

Katekisimu ya Kanisa Katoliki inapoeleza wizi haisemi tu kwamba ni kutwaa mali ya mwingine bila kutaka kwake. Inaongeza kwamba kutaka huko kuwe kwa busara. Neno hilo moja lina uzito. Mwenye kitu anayekataa kukiuza, asiyekitumia, na asiyejali kikiangamia, je, katazo lake bado ni la busara? Hatusemi kwamba gemu ni mkate wala dawa; anayeukosa hafi. Lakini Papa Benedikto XVI, katika waraka wake Caritas in Veritate wa mwaka 2009, alipolaumu ugumu uliopitiliza katika kulinda hakimiliki, hasa upande wa afya, alitukumbusha kwamba haki hiyo nayo ina mipaka. Maarifa na sanaa vilikusudiwa kuwafaa watu.

Mfano wa Star Fox 2 unasaidia. Mchezo huo ulikamilika katika miaka ya 1990, lakini Nintendo haikuutoa. Nakala za majaribio zilizunguka miongoni mwa wapenzi kwa miaka mingi, nao wakaufanya usisahaulike. Mwaka 2017 Nintendo yenyewe iliutoa rasmi ndani ya Super NES ndogo. Kuanzia siku ile hali ilibadilika. Kilichokuwa hakipatikani kikapatikana, na aliyesema "naucheza hivi kwa sababu hauuzwi" alipoteza sababu yake.

Basi msimamo wetu ni huu. Asihukumiwe haraka anayehifadhi kazi iliyoachwa na wenyewe, na tungependa sheria ziyafungulie maktaba na makumbusho njia pana zaidi ya kufanya hivyo. Lakini hoja ya kuhifadhi haiwezi kubebeshwa mfuko wa michezo 700 ambao haukuchaguliwa na mtu, wenye Mario na Zelda ambazo hazijawahi kuachwa na mwenyewe. Anayehifadhi huchagua, hutunza, na hujua anachotunza. Anayezoa hajui hata majina ya alivyozoa.

Na uzoaji huo unaharibu hata kile kilichotafutwa. Aristotle aliuhesabu uchangamfu wa kiasi katika mchezo kuwa fadhila, na Mtakatifu Thoma akamfuata, akisema hata kukosa kabisa mchezo na mzaha kunaweza kuwa kasoro. Lakini fadhila hiyo inahitaji mwenzako aliyekaa kando yako na padi mkononi, anayejua kama wewe kwamba mlishindwa jana mahali palepale. Michezo 30 inatosha kuwa na historia hiyo pamoja. Ikiwa 700, mtu hushinda akipekua orodha huku mwenzake akipiga miayo.

Kwa hiyo tunapendekeza mambo matatu kwa jumuiya yetu. La kwanza, zawadi ile si mali ya mmoja wetu, hivyo Baba Gombera aombwe ruhusa kabla ya waya wowote kuchomekwa. Na akikubali, nakala ya mfumo wa asili ihifadhiwe. La pili, tuweke michezo tuliyoilipia au iliyotolewa bure na watunzi wake. Ipo. Mwaka 2019 watunzi wa Ujerumani walitoa Micro Mages, mchezo mpya kabisa kwa ajili ya NES, wa watu hadi wanne, wenye kilobaiti 40 kama Mario wa kwanza, na wanauza faili lake kwa yeyote. La tatu, ule mfuko wa 700 uachwe.

Wapo watakaosema kwamba tumepoteza muda mwingi kwa kitu cha kuchezea. Lakini Mungu akijalia, kesho tutaketi katika kitubio, na atakuja kijana mwenye kibanda stendi anayewaingizia watu nyimbo na filamu kwenye flashi. Atauliza: "Padre, hii kazi yangu ni dhambi?" Tukimjibu kwamba kila kitu ni wizi, atatoka na mzigo asioweza kuupanga. Tukimjibu kwamba haimuumizi mtu, tutakuwa tumemdanganya mbele ya Mungu. Atahitaji mtu wa kumsaidia kutenganisha kilicho chake, kilicho cha mwenzake, na kilichoachwa bila mwenyewe. Kazi hiyo haianzi siku ya upadrisho.

Ndugu yetu mwenye ujuzi asivunjike moyo. Mikono yake tunaihitaji, na fedha ya kununua mchezo wa kwanza tumekwisha kuanza kuichanga. Anayetaka kuongeza yake, bakuli liko chumba cha mapumziko, juu ya televisheni.