EX WA STAA UNAMJUA, SAMEHE HUMJUI. TUNAJIUA WENYEWE!

Leo sina ubuyu, leo ni makavu tu.

Wiki nzima habari ni moja: dada mmoja wa Bongo Movie, jina kapuni, kamwagana na jamaa yake. Hata huku Sitalike, ambako bando likiisha unabaki kusikiliza viboko wa Mto Katuma, watu hawalali. Nikauliza kijiweni: movie yake ya mwisho inaitwaje? Kimya.

Nikauliza tena: Amandina Lihamba ni nani? Mmoja akajibu, "Si mbunge huyo?"

Jamani! Huyo mama kaigiza Arusi ya Mariamu mwaka 1985, wengi wetu hatujazaliwa. Halafu akacheza Maangamizi ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, filamu ya kwanza Tanzania kuipeleka kuwania Oscar, mwaka 2001. Ya pili ni Vuta N'kuvute, 2022. Piga hesabu, miaka 21 katikati!

Kwenye Maangamizi yeye ni Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyekaa miaka 20 bila kutamka neno. Uhusika wa hivyo hauna pa kujificha. Hakuna kumzaba mchepuko kofi, hakuna kupiga mayowe mpaka wanja uchuruzike. Unabaki na macho na mwili wako. Wangapi wa sasa wanaweza?

Mtasema, "Yule ni profesa bwana, siyo staa." Ndiyo, amefundisha sanaa za maonesho akiwa profesa pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na tamthiliya ya Hawala ya Fedha kaandika yeye. Kwani kusoma kunamfuta mtu uigizaji?

Mtasema tena, "Hizo filamu tunazionea wapi?" Hapo mna hoja nusu. Kibanda umiza cha hapa kwetu sijawahi kuona wakiziweka. Lakini mwenye kibanda anaweka kinachojaza mabenchi, na kwenye mabenchi tumekaa sisi.

Hasara yake naiona hapa hapa kijijini. Kuna binti kamaliza kidato cha nne, anajua kuigiza mpaka unasisimka. Akaenda Mpanda, kuna jamaa walikuja kusaka waigizaji. Swali la kwanza: una wafuasi wangapi Insta? Akasema mia na kitu. Hawakumwambia hata aigize sentensi moja. Nauli ya kurudi aliazima.

Juzi kaniuliza, "Kaka, nifanye kiki gani ili wanione?"

Nilikosa jibu. Na mimi ni walewale, nimeshaposti hao ma-ex mara ngapi?

Haya, dondosha komenti. Taja muigizaji mmoja wa kike wa Bongo na uhusika wake mmoja uliokugusa. Ukitaja bwana wake, nafuta!