Mpimaji Si Hakimu

Katika Lemara, kama katika vitongoji vingi vya jiji la Arusha ambavyo zamani vilikuwa mashamba na leo ni nyumba zilizobanana ukuta kwa ukuta, majirani wanapogombea mpaka au kichochoro, kila upande husema kwa yakini ile ile kwamba mahakama na iamuru upimaji, mpimaji aje na mitambo yake, na haki itadhihiri. Itikadi hii ina sura ya busara, na ndiyo maana madhara yake ni makubwa. Mimi nasema kwamba ni batili.

Sikatai kwamba upimaji una manufaa. Mahali ambapo kiwanja kimesajiliwa na ramani yake imehifadhiwa, mtu aking'oa bikoni usiku na kuisogeza, mpimaji aweza kuirudisha pale ilipokuwa, na ubishi ukaisha. Lakini viwanja vingi vinavyogombewa pembezoni mwa Arusha havikuzaliwa hivyo. Baba aliwagawia wanawe shamba kwa kuwaonyesha mfereji na mstari wa masale. Mwana mmojawapo akauza kipande kilichopimwa kwa hatua za miguu. Hati ya mauziano ikaandikwa kwa mkono mbele ya mjumbe, ikitaja majina ya wanaopakana, nao baadhi yao wamekwisha kufa au kuuza. Mpimaji afikapo hapo, swali lake la kwanza ni: nionyesheni mpaka. Mdai huonyesha wake, mdaiwa huonyesha wake, naye huipima mistari yote miwili kwa usahihi usio na taksiri, akaiandikia mahakama taarifa yenye muhuri. Je, hakimu amejua nini ambacho hakukijua asubuhi?

Katika mashauri ya njia dhulma huwa nzito zaidi. Njia ya miguu haina bikoni. Haki yake imesimama juu ya matumizi, kwamba watoto walipita hapo kwenda shule na jeneza lilipita hapo kwenda makaburini, mbele ya macho ya mwenye shamba asiyekataza. Aliyejenga ukuta akitoa ramani ambayo njia haimo, upimaji utathibitisha kwamba haimo, na ukimya wa karatasi utageuzwa kuwa hujja dhidi ya watu waliopita hapo maisha yao yote, ilhali Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 yenyewe inaitambua haki ya mtu kupita katika ardhi ya mwenziwe. Wako hata wanaokuja barazani na vipimo vya simu ya mkononi, ambayo hata chini ya anga wazi aghalabu hukosea kwa mita 3 hadi 5, wakigombea kichochoro chenye upana wa mita 2.

Watu wa Meru wasingepaswa kufundishwa jambo hili upya. Mashamba namba 31 na 328 ya Engare Nanyuki yalikuwa na namba zake serikalini, na Wameru walihamishwa humo mwaka 1951, nyumba zao zikateketezwa, hata mjumbe wao Kirilo Japhet akaenda New York mwaka uliofuata kulalamika mbele ya Umoja wa Mataifa. Hoja aliyoipeleka huko ilikuwa ni nani mwenye ardhi, na hoja hiyo haikuwamo katika ramani yoyote.

Tena sheria yetu haikumpa mpimaji cheo tunachomvika. Chini ya Amri ya 26 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, taarifa ya mtu aliyetumwa na mahakama kuchunguza mahali penye ugomvi ni ushahidi miongoni mwa ushahidi, na mwenyewe aweza kuitwa akahojiwa juu yake. Lakini wadaawa wangapi huthubutu kumhoji? Mzee wa jirani husulubiwa kwa maswali siku nzima, ila karatasi yenye namba hupokewa kwa heshima.

Nitaambiwa kwamba wazee husahau, na kwamba wengine hununuliwa. Ni kweli, lakini shahidi mwongo hukamatwa kwa kulinganishwa na wenzake, pale pale penye mfereji anaoutaja. Ndiyo kazi ambayo Baraza la Kata, lililobakiziwa usuluhishi tu tangu mwaka 2021 na kupewa siku 30 za kuujaribu, laweza kuifanya kwa miguu yake, lau wenye ugomvi wasingeliona kuwa kituo cha kupitia tu wakielekea kwa mpimaji. Na katika urasimishaji wa makazi utaratibu ni huo huo: majirani hukubaliana kwanza mipaka na upana wa njia, wakatia sahihi, kisha ndipo vipimo hushika walichokubaliana.

Basi mahakama na isikilize kwanza. Iende uwanjani pamoja na wadaawa na mashahidi wao, iandike iliyoyaona na kuyasoma mbele yao, iamue mstari ni upi na njia ni ya nani. Kisha impe mpimaji amri ya kuuweka mstari huo ardhini na kuichora njia hiyo katika ramani kwa upana uliotajwa hukumuni. Na shauri lisiahirishwe miezi kwa miezi kumngojea yeye, hali wazee walioyaona mashamba yale yakigawanywa hawajaandikwa neno lao hata moja.